Hageuki akiitwa, lakini huziba masikio blenda ikiwashwa

SWALI: "Shikamoo daktari. Mwanangu wa kwanza, wa kiume, ana miaka miwili na miezi miwili. Tunaishi Tanga mjini. Nikimwita jina hata mara kumi hageuki, lakini nikifungua pakiti ya biskuti jikoni anakuja mbio kutoka uani. Blenda ikiwashwa anaziba masikio na kujificha nyuma ya mlango, ilhali yeye mwenyewe anaweza kugonga sufuria kwa mwiko nusu saa nzima huku anacheka. Alikuwa na maneno matatu, mama, maji na paka. Alipofika mwaka na nusu hivi yakapotea. Anakula wali mkavu na chipsi tu, mchuzi ukigusa wali anasukuma sahani. Akitaka kitu ananishika mkono anaupeleka kilipo. Ndala zote za mlangoni anazipanga mstari, ukiondoa moja ni kilio. Zahanati waliniambia nisubiri afike miaka mitatu, eti wavulana huchelewa. Mama mkwe anasema ni majini, afukizwe na akatwe kimeo. Jirani anasema ni chanjo ya surua. Wifi anasema tunamchanganya kwa Kiswahili na Kisambaa. Mimi najiuliza nilikosea wapi, maana mimba yake niliibeba na mawazo mengi. Je, huu ni usonji? Na kama hasikii jina lake, kwa nini sauti zimuumize? Idi inakaribia, na mara ya mwisho kwa kinyozi alilia hadi akatapika."

JIBU: Marahaba, mama. Nianze na neno uliloliweka karibu na mwisho, kwa sababu nadhani ndilo linalokunyima usingizi. Hujakosea popote. Miaka ya 1950 madaktari wengi wa Marekani na Ulaya waliwaambia kina mama kwamba watoto wao walipata usonji (autism) kwa kukosa mapenzi ya mama. Mwanasaikolojia Bernard Rimland, naye akiwa baba wa mtoto mwenye usonji, alilipinga jambo hilo kwa hoja nzito mwaka 1964, na tafiti zote za maana zilizofuata zimekuwa upande wake. Usonji ni namna ubongo unavyojijenga, kazi inayoanza mtoto akiwa bado tumboni, na sehemu yake kubwa ni ya kurithi, kupitia vinasaba vingi ambavyo kila kimoja huchangia kidogo. Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba mwaka 2021 mtu mmoja kati ya 127 alikuwa na hali hii. Huwezi kuutafuta mzizi wake katika mawazo uliyokuwa nayo na mimba.

Kuhusu kama huu ni usonji, siwezi kumpa mtoto jina la hali yake bila kukaa naye chini nikamtazama akicheza. Lakini uliyoyaandika yananitosha kusema jambo moja bila kusitasita: usisubiri miaka mitatu. Apimwe sasa.

Sababu yangu ya kwanza ni yale maneno matatu. Mtoto anayechelewa kusema ni habari moja. Mtoto aliyekuwa na maneno, hata kama ni mawili, kisha yakaondoka, ni habari nyingine, na haina maelezo ya "wavulana huchelewa". Kati ya watoto wenye usonji, karibu robo hadi theluthi hupitia hali hii, mara nyingi kati ya miezi 15 na 24. Wakati mwingine nyuma yake kuna kifafa kisichoonekana kwa macho. Kwa hiyo mtoto wa umri wowote akipoteza alichokwisha kukijua, huyo ni wa hospitali.

Hata hivyo maneno siyo ninayoyaangalia kwanza mtoto akiingia chumbani kwangu. Naangalia kidole. Mtoto wa mwaka na nusu akiona paka juu ya ukuta, hunyoosha kidole kwa paka, kisha hugeuka kuutazama uso wa mama yake, halafu hurudi kwa paka. Hamwombi mama amletee paka. Anachotaka ni mama naye aone. Kitendo hicho kidogo cha nukta (sekunde) tatu ndicho msingi wa mazungumzo yote yatakayokuja, maana kuzungumza ni kushirikiana jambo na mwenzako. Mwanao anakushika mkono na kuupeleka kwenye kabati, kama vile mkono ni ufunguo, na macho yake yako kwenye kabati, hayako kwako. Anajua anachotaka, na anajua wewe ndiwe unayeweza kukitoa. Kinachokosekana ni lile jicho la kurudi kwako. Mtazame wiki hii: je, amewahi kukuletea kitu ili ukione tu? Anakupungia mkono wa kwaheri? Ukinyoosha kidole dirishani na kusema "tazama bajaji!", anafuata kidole chako?

Lipo dodoso la maswali 20 liitwalo M-CHAT, la watoto wa miezi 16 hadi 30. Mwanao ana miezi 26, yumo ndani ya umri huo. Mawili kati ya maswali yake ni yale yale uliyoniandikia: kama mtoto huitika akiitwa jina, na kama hukerwa na sauti za kawaida za nyumbani. Dodoso hilo halithibitishi usonji. Linasema tu huyu atazamwe kwa karibu. Na nikuombe, ukijua mama mwenye binti wa namna hii, mwambie pia. Wavulana hutambuliwa mara tatu hadi nne zaidi ya wasichana, na wasichana wengi hupita bila kuonekana kwa sababu wanaitwa wapole.

Kabla ya yote, masikio. Najua utasema anasikia pakiti ya biskuti. Lakini mchakacho wa pakiti ni sauti nyembamba, na kuna watoto wanaosikia sauti za aina moja wakakosa za aina nyingine, au wenye majimaji nyuma ya ngoma ya sikio yanayofanya leo wasikie na kesho wasisikie. Kumpigia makofi mgongoni siyo kipimo, kwa sababu anaweza kugeuka kwa upepo au kwa kivuli chako. Kipo kipimo kinachofanyika mtoto akiwa amelala, anabandikwa vipande vidogo vya waya kichwani na mashine inasoma kama ubongo unaipokea sauti. Hakiumi. Mtoto yeyote aliyechelewa kusema anapaswa kufanyiwa kipimo cha masikio kabla hajapewa jina lolote.

Tuseme masikio yake ni mazima, jambo ambalo kwa maelezo yako naliona linawezekana sana. Hapo ndipo linapokuja fumbo lako, na nimelipenda kwa sababu wazazi wengi huliona lakini hawaliulizi.

Sote tulifundishwa kwamba mwili una milango mitano ya fahamu. Kwa kweli ni zaidi ya hiyo. Ndani ya sikio kuna mlango wa mizani, unaokuambia umesimama au umeinama. Katika misuli na viungo kuna mlango unaokuambia mkono wako uko wapi hata gizani. Tumboni na kifuani kuna mlango wa njaa, kiu na haja. Milango yote hiyo iko wazi mchana kutwa. Hapo ulipo sasa kuna feni inazunguka, kanga imekubana kiunoni, jogoo wa jirani anawika. Hukuwa nayo akilini mpaka nilipoitaja, lakini habari zake zilikuwa zinaingia muda wote. Ilikuwaje zisikusumbue? Kwa sababu ubongo una bawabu. Katikati ya kichwa kuna kituo kiitwacho thalamasi, ambako karibu habari zote za fahamu, isipokuwa harufu, hupita kabla ya kusambazwa. Kituo hicho kikishirikiana na sehemu nyingine za ubongo huamua kipi kiongezwe sauti, kipi kipunguzwe, kipi kiachwe nje.

Bawabu wa mwanao huenda anafanya kazi kwa namna tofauti na wako. Wako huzoea upesi: blenda ikilia, nukta mbili za mwanzo unashtuka, kisha inakuwa sehemu ya jiko. Mwaka 2015 watafiti wa Los Angeles waliwapiga picha za ubongo vijana na watoto wenye usonji huku wakisikilizishwa kelele za magari na kusuguliwa ngozi kwa kitambaa cha sufu kinachowasha. Kwa wale ambao wazazi wao walisema hukerwa sana na sauti na miguso, amigdala, sehemu ndogo ya ubongo inayopiga kengele ya hatari, haikutulia kama kwa wenzao. Kelele iliendelea, na kengele nayo iliendelea. Kwa hiyo mwanao akikimbilia nyuma ya mlango hadeki. Kwake kila nukta ya blenda ni kama nukta ya kwanza.

Sasa lile la sufuria. Ubongo haungoji habari ziingie ndipo uanze kazi, muda wote unabashiri kinachokuja. Anapogonga sufuria mwenyewe, mkono wake unaujulisha ubongo kabla ya mwiko kushuka, kwa hiyo sauti inapofika haina mshtuko. Blenda unaiwasha wewe, wakati wako, bila yeye kujua. Wako wataalamu wanaoamini kwamba katika usonji ubashiri huu ni dhaifu, kila kinachoingia kinapokelewa kama kipya, na ndiyo maana mtoto hushikilia mambo yasiyobadilika. Bado ni nadharia, wanabishana juu yake, lakini mimi naiona inafafanua mengi ninayoyaona. Tazama sahani yake. Wali mkavu ni ule ule kijiko cha kwanza hadi cha mwisho. Ukitia mchuzi, kijiko hiki kina maji, kile kina kitunguu, kile kina nyanya inayoteleza. Tazama ndala zake. Mstari ule ameupanga mwenyewe, na katika nyumba yenye milango inayofunguka na watu wanaoingia na kutoka, huo ndio upande mmoja unaokaa kama alivyouacha.

Na jina? Hapa ndipo pande mbili za fumbo lako zinakutana. Bawabu wa watoto wengi, tangu wakiwa wachanga, huipa sauti ya binadamu, hasa ya mama, kiti cha mbele. Mwaka 2013 watafiti wa Chuo Kikuu cha Stanford walikuta kwamba kwa watoto wenye usonji, sehemu ya ubongo inayotambua sauti za watu imeunganishwa kwa udhaifu na sehemu zinazoleta raha na hamu. Jina lake linaingia, lakini haliji na uzito ule. Halitangulii mbele ya feni, redio na pikipiki barabarani, linasubiri foleni pamoja navyo. Pakiti ya biskuti ina uzito kwa sababu imemwahidi biskuti mara mia na kila mara imetimiza. Si kwamba hakupendi. Watoto wenye usonji hushikamana na mama zao, ila kitu kinachowafanya wageuke ndicho tofauti.

Niongeze kwamba kuna watoto wenye usonji ambao hutafuta hisi badala ya kuzikimbia: hujizungusha, hutembea kwa ncha za vidole, hujibana kwenye kona ya godoro, hunusa kila kitu. Mtoto mmoja anaweza kuwa na yote mawili. Tangu mwaka 2013 tofauti hizi za fahamu zimeingizwa rasmi katika vigezo vya Wamarekani vya kutambua usonji. Peke yake hazitoshi, kwa sababu wapo watoto wasio na usonji wanaochukia kelele. Ni zikiambatana na lile jicho lisilorudi ndipo tunatega sikio.

Sasa wale wanaokushauri. Nawaheshimu, wanampenda mtoto, lakini nikujibu waziwazi.

Chanjo haikuhusika. Habari hiyo ilienezwa na makala ya mwaka 1998 ya daktari wa Uingereza, Andrew Wakefield, iliyohusu watoto 12 tu. Jarida lililoichapisha liliifuta mwaka 2010, naye akaondolewa katika orodha ya madaktari. Denmark wamefuatilia watoto zaidi ya 650,000 na hawakuona tofauti kati ya waliochanjwa na wasiochanjwa. Sisi dozi ya pili ya surua hutolewa miezi 18, umri ule ule ambao maneno hupotea, na mama yeyote angeunganisha mambo mawili yaliyotokea mwezi mmoja. Surua yenyewe ndiyo inayoua.

Kimeo, nakusihi, asikatwe. Kimeo hakihusiki na usemi wa namna hii, na nimepokea watoto waliovuja damu hadi kuhitaji kuongezwa nyingine. Kama mama mkwe anataka mtoto asomewe dua, asomewe kwa sauti ya chini, kifuani pa baba yake. Dua haimzuii mtu kwenda hospitali. Ila kufukizwa, baada ya yote niliyokueleza, naamini unaona mwenyewe: moshi, harufu kali, kitambaa kichwani, watu wamemzunguka, kwa mtoto ambaye mchuzi tu ukigusa wali anazidiwa. Atapiga kelele, na kelele hiyo itachukuliwa kuwa ndiyo ushahidi.

Lugha mbili hazimchanganyi. Tafiti za watoto wenye usonji wanaokulia kwenye lugha mbili hazijaona kwamba wanachelewa zaidi ya wenzao wa lugha moja. Bibi aendelee na Kisambaa chake. Bibi akinyang'anywa lugha yake, mtoto ananyang'anywa mtu wa kuongea naye.

Kuhusu tiba nitakuwa mkweli. Hakuna dawa inayoondoa usonji. Zipo dawa za kusaidia usingizi, kifafa au hasira zilizozidi, na hizo hutolewa na daktari kwa sababu maalumu. Ukiuziwa dawa ya kusafisha sumu mwilini, ondoka. Mwaka 2005 huko Pennsylvania mtoto wa miaka mitano mwenye usonji alikufa wakati akitiwa dawa ya namna hiyo. Mazoezi ya hisi yanayofanywa na wataalamu wa tiba kwa vitendo yanawasaidia baadhi ya watoto, ushahidi wake ni wa wastani, na nisingekushauri uuze cherehani kuyalipia.

Penye ushahidi ninaouamini ni kwa mzazi mwenyewe. Uingereza, watoto 152 walifuatiliwa katika utafiti ambao, kwa takribani nusu yao, mtaalamu alikaa na mzazi wakatazama video za mzazi huyo akicheza na mwanawe, wakatafuta pale mtoto anapotoa ishara ndogo ambayo mzazi hakuiona. Matokeo ya kwanza, mwaka 2010, yalikuwa ya kawaida tu. Lakini waliporudi kwa watoto wale baada ya takribani miaka sita, dalili za wale ambao wazazi wao walipata msaada huo zilikuwa nyepesi kuliko za wenzao ambao wazazi wao hawakuupata. Faida haikuwa kubwa sana, ila ilidumu.

Unaweza kuanza leo jioni. Keti chini sakafuni, mbele yake, si nyuma. Akipanga ndala, na wewe mpe ndala inayofuata, kisha subiri. Usiseme "hii rangi gani?" Sema "ndala." Nyamaza. Hesabu kumi moyoni. Akikutazama hata kwa nukta moja, mpe. Jina lake usilitumie kumwita kuoga na kuacha vitu tu. Litaje mara moja, karibu naye, redio ikiwa imezimwa, na kila likitajwa lifuatwe na kitu anachokipenda, hadi lipate uzito kama wa ile pakiti. Blenda mwonyeshe kabla, sema "blenda, moja, mbili, tatu", na ikiwezekana abonyeze yeye. Mchuzi uweke kibakuli cha pembeni bila kumlazimisha kuugusa. Runinga na simu hazisababishi usonji, lakini zinakula saa ambazo mngekuwa sakafuni pamoja.

Akianza kilio cha kuzidiwa, kile ambacho hata ukimpa anachotaka hakikomi, usimchape wala usimhubirie. Mtoe penye kelele, punguza mwanga, kaa karibu kimya. Akipunga mikono au kujitikisa, mwache. Anajituliza.

Kwa vipimo, anza hospitali ya rufaa ya mkoa, uombe kuonana na daktari wa watoto, na umwambie kwa maneno haya haya: "amepoteza maneno, haonyeshi kwa kidole, haitiki jina." Omba rufaa ya kipimo cha masikio, ambacho Muhimbili na KCMC ya Moshi wana idara zake. Nenda na kadi ya kliniki, na video mbili tatu fupi kwenye simu: akicheza, akila, akiitwa. Hospitali watoto hujikunja, na video itasema yale ambayo hayataonekana siku hiyo. Ukiambiwa tena usubiri, omba kwa adabu kuonana na mwingine. Na usingoje miadi kabisa akipata degedege, akiwa anaganda na kukodoa macho bila kusikia ukimgusa, akianza kupoteza hata kutembea, au akipungua uzito.

Imebaki Idi. Mashine ya kinyozi ni nzito kuliko blenda kwa sababu inagusa fuvu, na mtetemo wake unapita kwenye mfupa moja kwa moja hadi ndani ya sikio. Kuziba masikio hakumsaidii. Ongeza nywele zinazomchoma shingoni, mkono wa mgeni unaomshika kichwa, na foleni ya watu wanaopiga soga. Mwaka huu usimpeleke. Mnyoe nyumbani kwa mkasi, asubuhi akiwa ameshiba, amekaa miguuni pa baba yake, amebanwa kwa nguvu kidogo, kwa sababu mguso mzito huwatuliza wengi wao kuliko wa kupapasa. Kata mara tatu, pumzika, mpe sufuria yake. Ikibidi malizia akiwa amelala. Mkifika siku ya Idi upande mmoja bado mrefu, mvalishe kofia, na akiikataa kofia aende hivyo hivyo.